Mtu wa Tatu Ndani ya Mashine

Siku ya kwanza ya kuwekwa ndani nilipata mshtuko ambao hadi leo nikiukumbuka mkono hwenda kifuani wenyewe. Haukutokana na harusi. Harusi nilikuwa nimeshaizoea, imezungumzwa nyumbani kwetu Jang'ombe miezi minane, hata jirani wa nyumba ya tatu alikuwa anajua idadi ya mito yangu. Mshtuko wenyewe ulitokana na gemu.

Nieleze kwanza, maana wapo watakaodhani nilikuwa napanga karata kwenye simu. Lilikuwa gemu la mtandaoni la kupiga risasi na kuokota. Unaua adui, unaokota kilichoanguka, unavua deraya mbovu unavaa nzuri, nguvu zako zinapanda, kisha unawafuata maadui wakubwa zaidi. Kazi haina mwisho, ila ina mahali ambapo timu yetu tulipaita Mwisho. Mlango wake haufunguki mpaka watu sita wasimame mbele yake, kila mmoja ana nguvu mia tano. Mwaka mzima tulikuwa tunajiandaa kwa mlango huo. Wenzangu watano, wanaume watupu, walikuwa washafika. Mimi nilikuwa mia nne themanini na tano.

Na muda ulikuwa unaniishia. Baada ya harusi nilikuwa nahamia Makunduchi kwa mume, mwalimu, mtu mpole, ambaye alinitahadharisha mapema kwamba mtandao wa kule unategemea na siku ilivyoamka. Kwa hiyo ilikuwa wiki ile ya kuwekwa ndani au basi. Wasichana wengine hulia wakifungiwa ndani siku saba bila ya kuona jua, wakisuguliwa singo mpaka ngozi inateleza. Mimi nilimshukuru Mungu. Siku saba sendi duka la dawa nilikoajiriwa, sipiki, sifui! Nilijiona nimepata bahati ambayo haijapata kumwangukia mtu.

Asubuhi hiyo umeme ulikatika ukarudi. Kwa kawaida mashine yangu ya gemu nilikuwa nailaza tu, siizimi, na ikiamka inanirudisha pale pale nilipoishia. Safari hii ikaanza mwanzo kabisa, ikaniwekea orodha ya watu wangu wote watatu. Wa kwanza ndiye mimi ninayecheza naye. Wa pili nilimtengeneza kwa mzaha. Wa tatu ni jitu la kike lenye mabega mapana, nililiumba wiki ya kwanza nilipokuwa sijui kitu, nikaliacha na bastola mbovu ya mwanzo na nguvu kumi.

Sasa lilikuwa na nguvu mia tano na kumi na mbili.

Nilisoma mara tatu. Nikasogea mpaka pua ikakaribia kugusa kioo cha televisheni. Alikuwa amevaa deraya nyekundu iliyoiva ambayo mimi nilikuwa naiona kwa watu tu, na kichwani kavuta kofia ya joho mpaka kwenye paji, hata unywele mmoja hauonekani. Yarabi! Nikakaa chini kwenye mkeka. Mtu kaingia ndani ya mashine yangu, kamchukua mtu niliyemtupa, kamfanya bora kuliko mimi.

Nikampigia nahodha wa timu yetu, mwanamume wa Tanga ambaye sijawahi kumuona uso. Akasema bila kufikiri: "Mwizi wa akaunti huyo. Funga mlango."

"Mwizi gani," nikamuuliza, "anaingia nyumbani kwa watu, anafagia, anafua, anapika, halafu anaondoka bila kuchukua kitu?"

"Sijui. Wewe funga. Na hizo silaha zake zivae, ushapata nguvu za bure."

Silaha za mwizi sikuzivaa. Nina ubishi wangu, na jasho la mtu silitaki, hata la kwenye televisheni. Ila mashine niliifunga kwa namba nne za siri, inazidai ikiwaka na ukitaka kubadilisha mtu, nikashusha pumzi nikijiona mjanja wa Unguja nzima.

Kesho yake mama alikuwa amekaa kwenye kiti chake cha siku zote, nyuma ya mkeka wangu, anashona kofia. Kofia za vitobo ndiyo kazi yake tangu nilipokuwa mdogo, na baba alipofariki nikiwa darasa la sita ndizo zilizonisomesha. Miaka yote niliyocheza gemu yeye alikuwa hapo nyuma na sindano yake, miwani puani, akiguna mara moja moja. Nilijua hanitazami.

"Ile mashine yako imeingiwa na nini?" akaniuliza.

"Kwa nini, mama?"

"Ulipokuwa unasingwa chumba cha pili nlikuwa nnafuta vumbi. Ikawaka. Inadai namba."

"Nimeifunga. Kuna mwizi anaingia."

Sindano ikasimama. "Mwizi," akasema. "Kaiba nini?"

"Hajaiba kitu."

"Basi mwizi gani huyo!" akasema kwa ukali ambao sikuuelewa, na hakusema nami tena mpaka chakula cha mchana. Nilidhani ni uchovu wa harusi.

Siku zilizofuata niliwinda mchana kutwa. Somo wangu, mama mtu mzima aliyepewa kazi ya kunifunda, alikuwa ananieleza namna ya kumkaribisha mume atokapo kazini huku mimi nikiitikia "naam, somo" na macho yakiwa kwenye majini ya chuma. Mpaka Alhamisi asubuhi nilikuwa mia nne tisini na nane. Mbili tu! Miadi ya kuingia Mwisho ilikuwa siku ile ile baada ya sala ya alasiri. Nikahesabu: kazi mbili ndogo za nusu saa, nimefika.

Adhuhuri akabisha hodi mpakaji wa hina. Tulimtarajia Ijumaa, lakini alikuwa na bi harusi mwengine, akaona amalizane na mimi kabisa. Nilibisha, nikasema naumwa, nikasema hina ya Alhamisi haikolei. Hakuna aliyenisikiliza. Akanipaka mikono yote mpaka kwenye viwiko na miguu mpaka kwenye ugoko, maua na majani, kazi nzuri ya kupigiwa vigelegele, na alipomaliza akanitolea macho: "Ukigusa kitu, nakufuta yote nakuanza upya." Akaondoka. Somo naye akaenda kwake kutazama chungu chake.

Nilibaki nimekaa mikono juu kama mtu aliyetekwa. Mama alikuwa pembeni ananipepea hina kwa upepeo. Sauti za timu zilianza kutoka kwenye televisheni, niliyoiacha wazi tangu asubuhi, wakiniita mmoja mmoja, "Bi harusi! Bi harusi, upo?" Nilitaka kulia. Mwaka mzima nimehangaika kwa mlango ule, na sasa watu sita walihitajika nao wako watano, na wa sita yuko nyumbani kwao kapakwa hina.

Mama akaweka upepeo chini. Akajifuta viganja kwenye kanga.

"Nambie namba," akasema.

"Namba gani?"

"Ya mashine, mwanangu. Si umeifunga?"

Nilimtajia bila kujua natamka nini. Akaokota padi, kidude cha kuchezea. Hakuniuliza kinapobonyezwa. Alifungua orodha, akampita mtu wangu, akampita wa pili, akasimama kwa yule wa tatu mwenye kofia ya joho mpaka kwenye paji, akaingia. Yule mwanamke aliyejifunika nywele kwenye televisheni, na huyu wa kwenye kiti aliyevuta mtandio wake mbele kabla hajaanza, walikuwa mtu mmoja, na mimi nilikuwa nimemfungia mlango.

"Bi harusi!" nahodha akaita alipoona jina langu mlangoni.

"Naam," mama akaitika.

Halafu wanaume watano, mmoja baada ya mwengine, kutoka Tanga na kwengineko: "Shikamoo."

"Marahaba, wanangu. Haya, tunaingia au tunaamkiana?"

Wakaingia. Ningependa kusema nilifurahi. Nilishikwa na bumbuwazi, na ndani ya bumbuwazi kulikuwa na wivu, sitadanganya. Vidole vile vilivyotoboa na kushona vitobo maelfu vilikuwa havikosei. Hakupoteza risasi. Nahodha, ambaye hutuamrisha sote kama watoto wa chuo cha Kurani, alikuwa anasema "naam, mama." Mama alikuwa hapigi kelele, anaelekeza tu: "Wewe wa kushoto, unakimbilia wapi? Rudi. Nyote kaeni nyuma ya ukuta, huyu akishahema mara tatu anatema moto." Nilijua hilo la kuhema mara tatu? Sikulijua. Yeye alilijua kwa kuwaangalia maadui wengine na kukumbuka. Lile dude la mwisho lilipoanguka ikadondoka bunduki ya dhahabu, watu wakapiga mayowe, na mama akaweka padi juu ya mto.

"Magharibi inakaribia," akawaambia. "Nendeni mkasali."

Hina ilikuwa imekauka na inabanduka. Nilimuuliza tangu lini.

"Tangu mwaka juzi," akasema, kashaokota kofia yake na sindano. "Ukenda kazini nyumba inanyamaza. Nkaona huyu mtu umemtupa, masikini. Nkimaliza nlikuwa nnakurudishia wako pale pale."

Nilimtazama, na kitu ambacho nilipaswa kukijua tangu siku ya posa kikanijia kwa mara ya kwanza. Jumamosi naondoka. Mashine imeandikwa kwenye mizigo ya bi harusi, baina ya godoro na sufuria. Nyumba itabaki na mama, kiti na kofia.

"Mashine itabaki kwako," nikamwambia.

"Hilo halipo. Chombo chako. Watasema umetoka kwenu mikono mitupu." Nikabisha, akabisha, nami nilimrithi yeye ubishi kwa hiyo sikumshinda. Ijumaa, wapakizi wa mizigo walipofika, aliwaambia wangoje kidogo akafute vumbi kwanza. Akaingia chumbani akafunga mlango. Alikaa muda. Alipotoka mashine ilikuwa imefungwa kwenye kanga mpya, fundo juu, akaipakata mwenyewe mpaka kwenye gari.

Harusi ilipita, fungate ikapita. Siku ya tisa, Makunduchi, mume wangu akanitafutia waya mrefu akaniwekea mashine chumba cha mbele, ambako mtandao unashika, akaenda zake uani. Hina bado nyeusi vidoleni. Nikatia namba zangu nne.

Orodha ilikuwa na watu wawili. Mahali pa tatu palikuwa tupu, pana alama ya kujumlisha na maneno ya kukuomba uumbe mtu mpya.

Nilidhani mtandao haujashika vizuri. Nikazima nikawasha. Wawili. Nikafungua kabati, pale tunapohifadhi silaha ambazo hatujavaa. Deraya nyekundu ilikuwa mle. Glavu, viatu, joho lenye kofia. Bunduki ya dhahabu ya Mwisho, ile aliyoitolea jasho mbele ya macho yangu. Kila alichokuwa nacho kakitoa mwilini kwa yule mtu akanipangia mimi, safu kwa safu, wala hapana nafasi iliyorukwa. Halafu akamfuta. Bangili zake mbili za dhahabu alinivisha mbele ya watu siku ya harusi, nilizitarajia, mama wote hufanya hivyo, nikasema ahsante. Hili hakuna mama aliyepata kulifanya, na alilifanya mlango umefungwa, bila ya mtu wa kumuona.

Nadhani nilipiga kelele, kwa sababu mume wangu alikuja mbio kutoka uani. "Kafariki nani?" akaniuliza. Nilimtazama na padi mkononi.

Nikampigia mama.

"Mama, yule mtu wako yuko wapi?"

"Mtu gani?"

"Mama!"

Nilisikiliza upande wa pili wa simu, na kule Jang'ombe, mtaa usionyamaza saa yoyote, ndani ya nyumba yetu hapakuwa na sauti hata moja.

"Nlifuta vumbi tu, mwanangu," akasema. "Ushakula?"

"Nshakula," nikamwambia, na nilikuwa sijala.