Baraza Niliyomjengea Hakimu

Nyinyi vijana mtakaosoma haya, chekeni mkitaka, lakini sikilizeni.

Kaunti ilininyima kibali cha kumjengea nyumba binti yangu Mwanasha, mjane mwenye watoto watatu, eti kiwanja chetu hapa Kinondo kiko karibu mno na ufuo. Nikaweka wakili, tukashtaki. Hakimu akaamuru pasijengwe kitu mpaka aje mwenyewe akione kiwanja.

Siku ilipokaribia nilitaabika. Mgeni mkubwa kama huyo nimkalishe wapi, mchangani? Nikawahimiza wanangu wa kiume, wakajenga baraza ya mawe na saruji, wakaipaka chokaa. Nyumba ya Mwanasha hatukuianza. Kwani baraza nayo ni jengo?

Hakimu akaja na bwana wa kaunti. Nikawakalisha, nikawamiminia kahawa. Wakili wangu akasema kwa sauti, "Mheshimiwa, kama uonavyo, mteja wangu hajaweka hata jiwe moja."

Hakimu akautazama mkono wake. Ulikuwa mweupe kwa chokaa.

"Bibi, hapa tulipokaa pamejengwa lini?"

"Juzi, mwanangu. Kwa ajili yako."

Wakili akafumba macho. Mwanasha akajifunika leso usoni. Mimi nikawa nawatazama mmoja mmoja, sijui kosa ni lipi, mpaka bwana wa kaunti alipotoa simu akaipiga picha baraza yangu.

Hapo ndipo nilipoelewa. Nikawaita wanangu, nikawaamuru:

"Leteni sururu muibomoe. Lakini wageni wamalize kahawa kwanza."