Disketi ya Baba Mkwe

Baba alikuwa fundi wa makabati ya jikoni, na kila jiko alilolipima kuanzia Keumbu hadi Kiogoro aliliandika kwenye kitabu kimoja cha jalada jeusi. Alipofariki nilirithi karakana na kile kitabu. Mwishoni mwa miaka ya tisini nikanunua kompyuta kuukuu, nikakaa miezi mitatu nikiingiza vipimo vyote, ukurasa kwa ukurasa. Nilipomaliza nilimwambia mama kwamba kitabu sasa kimo ndani ya mashine. Nilijigamba kweli, mjinga mimi.

Kilichobaki ni programu ya kuchora. Mwalimu wangu wa kompyuta, mama mmoja kutoka upande wa ziwa, alinionya mara nyingi: jua kwanza programu imetoka kwa nani, ipime virusi, na uweke nakala ya kazi yako kando kabla hujafungua chochote. Disketi ya kupimia virusi nilikuwa nayo mezani. Nakala nilipanga kuiweka Jumamosi.

Alhamisi akaja baba mkwe, ametoka Nairobi, suti na kofia, disketi mkononi.

"Omoko, mkwe wangu, hii nimekutolea kwa intaneti mimi mwenyewe," alisema, tena kwa Kiswahili, ili mafundi wa jirani wasikie. "Ziko mingi huko. Nilichagua hii juu ni ya bure na picha zake ni mzuri sana. Fungua tuone."

Sasa jamani, ungefanya nini? Kwetu chinsoni, ile heshima ya wakwe, haina mchezo. Kuipima disketi yake virusi akiwa ameketi pale ni sawa na kunusa chakula alichokupakulia. Ile yangu ya kupimia niliifunika kwa gazeti asije akaiona. Najilaumu mpaka leo.

Nikafungua. Jiko zuri la rangi likatokea, akapiga makofi. Kisha kioo kikawa cheusi. Nilipowasha mashine tena haikuwa na kitu: si jiko lake, si vipimo vya baba.

"Ni nini?" akauliza.

"Ni stima tu, baba."

Nikamwagizia soda. Alikunywa, akaniombea, akaenda zake ameridhika. Mimi nilikimbia nyumbani, nikamkuta mama mbele ya mafiga.

"Kitabu cha baba kiko wapi?"

"Si ulisema kimeingia kwenye kompyuta? Zile karatasi nimekuwa nikiwashia moto. Ziliisha jana."

Nikakaa chini palepale kwenye vumbi la kuni. Yeye alikuwa akitabasamu.

"Lakini kesho unitolee karatasi moja kwenye hiyo mashine," akasema. "Ile ya jikoni kwangu. Nimeukumbuka mwandiko wake."

Nikamwambia stima imepotea.