Mama Alipoulizwa Mimi Ni Nani

Mama yangu alipoanza kuniuliza kama nimekula, huku sahani iko mbele yangu, majirani walisema amerogwa. Niliwajibu vibaya. Mdomo wangu hauna breki kwa watu wa namna hiyo. Lakini nikibaki peke yangu jikoni, namenya ndizi, nilikuwa naogopa.

Kisha binti mmoja wa chuo kikuu akafika kwetu Isingiro. Alikuwa anapita kwenye nyumba zenye wazee, akichunguza ugonjwa wa kusahau, na shirika fulani la hisani lilikuwa linagharamia kazi hiyo. Akapiga magoti mbele ya mama, akamwamkia, "Shikamoo, bibi." Nikamuuliza palepale kama amekuja na dawa.

"Dawa ya kuuponya bado haijapatikana, mama," alisema. "Ndiyo maana tunauliza maswali."

Jibu halikunifurahisha, ila angalau hakunidanganya. Nikamwambia, "Basi andika hivi: mengine kasahau, lakini mimi ananijua. Mimi ndiye ninayemwogesha."

Kiswahili cha mama kilikuwa kimeshamtoka, kwa hiyo binti aliuliza kwa Kiswahili, nami nikatafsiri kwa Kinyambo. Hapo nikajifanya mjanja. Akiuliza huu ni msimu gani, namwambia mama: anauliza huu ni msimu gani, si unaona watu wanapanda maharage? Mama anajibu vizuri, nami natulia kama sijafanya kitu. Tukaenda hivyo mpaka binti akaweka kalamu chini, akacheka.

"Mama, mimi ni Mhaya wa Muleba. Yote unayomwambia bibi nayasikia."

Kumbe! Nilimdhania mtu wa pwani, na Kihaya na Kinyambo ni ndugu. Yale magoti aliyopiga tu yangenitosha kumjua kuwa ni mtu wa huku kwetu. Aibu ikanishika, nikacheka na mimi. Akaniomba ninyamaze kidogo, akamuuliza mama mwenyewe kwa Kihaya: huyu aliyekaa karibu yako ni nani?

Mama alinitazama kwa upole. Halafu akainuka, akaingia ndani, akarudi na kikapu kidogo cha kahawa kavu za kutafuna. Kwetu mgeni hapokelewi bila kahawa. Mtoto wa nyumbani hapewi, huchota mwenyewe. Mama akampa binti punje chache. Kisha akashika mkono wangu, akakifungua kiganja, akanimiminia na mimi.

"Karibu, mtoto wa watu," aliniambia. "Mama yako yupo?"

Moyo uliniuma, jamani. Nikasema yupo.

"Ukifika kwenu, msalimie sana."

Binti wa chuo alikuwa ameinamisha kichwa, haandiki kitu. Nikatia kahawa mdomoni, nikatafuna, maana kahawa ya mwenyeji haikataliwi. Nikamwambia mama kwamba salamu zimefika.