Uji wa Mke Mwenzangu

Huyu mjukuu wangu ni mke mwenzangu. Ndivyo tunavyotaniana tangu anatambaa: babu yake ni mume wake, mimi mke mkubwa, yeye mke mdogo. Sasa mke mdogo kasomea upishi, kapata kazi kwenye hoteli huko Upanga, basi hata maneno siku hizi anayatoa kama kashika kiazi cha moto mdomoni.

Mzee wangu alikuwa katoka hospitali. Ugonjwa uliisha, hamu ya kula ikabaki hukohuko wodini. Daktari alinambia kwa ile sauti yake ya puani, "Mama, dawa bila chakula ni bure. Asipokula mtarudi naye hapa." Nikampikia uji wa ulezi, akageukia ukuta. Nikautia ukwaju, akageukia ukuta. Nikautia pilipili manga, ukuta. Shingo yake ikawa kama ya kuku wa Buguruni aliyesahaulika kwenye tenga.

Asubuhi hiyo mke mdogo akaingia na mfuko wa matunda.

"Shikamoo, mke mwenza."

"Marahaba. Mume umemhamishia soko zima?"

"Leo namfanyia fyusheni, bibi. Unachanganya mapishi ya kwetu na ya kwa wengine. Huu uji wetu, ila na mambo ya Tailandi."

Nikamtazama. Mtu akipanda pantoni kwenda Kigamboni anatapika, leo ananiletea Tailandi jikoni kwangu Kariakoo.

Akachukua unga wangu wa ulezi, akaukoroga kwa tui la nazi, akatupia mchaichai na tangawizi. Hapo nilimwachia, mchaichai tunanywa. Kisha akaanza kukatakata embe, vipande vidogovidogo kama kachumbari ya harusi. Embe lenyewe kachagua kwa macho, jekundu nje, ndani kali kama ndimu. Papai akalipanga juu ya uji kama vigae. Pasheni akaimwaga na mbegu zake.

"Mumeo hana meno," nikamwambia.

"Mbegu hazitafunwi bibi, zinateleza."

Zinateleza, haya. Mwisho akaikausha nazi kikaangoni ikawa chengachenga, akainyunyiza. Nikamuuliza kama tumeanza kufuga kuku, maana hayo kwetu ni machicha. Yeye alikuwa analizunguka bakuli na simu, anainama, anapinda kiuno, utadhani kadondosha hereni.

"Mpige na mume picha," nikasema. "Naye anapoa."

Akampelekea. Mimi nikasimama mlangoni, mkono kiunoni, nangoja ukuta. Nilitaka ale. Na nilitaka aukatae. Vyote nilivitaka, tena kwa moyo mmoja.

Mzee akaonja, macho kayafumba. Akachota tena. Mbegu moja ya pasheni ilimganda ulimini, akaitoa kwa kidole, akaibandika ukingoni mwa bakuli, akaendelea. Alikula mpaka kijiko kikaanza kukwangua. Kisha akasema kwa fizi zake tupu, polepole, "Mke mdogo anapika."

"Na mke mkubwa je?" nikamuuliza.

"Mke mkubwa anasema sana."

Toka arudi ananijibu kwa kichwa tu. Siku kapata nguvu ya kufungua mdomo, kafungua kwa hilo. Na yule mwenzangu kacheka mpaka kakaa chini sakafuni, mpishi wa hoteli.

Nikaenda kuosha sufuria. Chini limeungua, sijui huko Tailandi wanakula ukoko. Nikalamba mwiko kidogo, nijue mume wangu kalishwa nini. Sukari hamna. Ila tangawizi, aah, tangawizi kaipatia.

Kesho yake kabla jua halijawa kali nilikuwa sokoni, kwa yule mama muuza maembe anayevuta maneno kama anavuta kamba kisimani.

"Bibiii, leo umetukumbukaaa. Una wageni?"

Nikawa nabonyeza maembe yake karibu na kikonyo, moja baada ya jingine, nanusa, narudisha.

"Usiyabonyeze hivyo bibi, yataniharibikia."

"Nipe hili, na lile la chini kabisa ulilolificha," nikamwambia. "Nyumbani nina mke mwenza. Kupika anajua, embe hajui kuchagua, na mume ni wangu."