Marta Apunguza Sauti

Marta Kalinga alizaliwa katika kambi ya wachuma chai upande wa Bumbuli, mtoto wa watu waliotoka Iringa kutafuta kazi. Alijua kupaza sauti kabla ya kujua kuimba. Kwenye miteremko ya chai, ukitaka kumwambia mwenzako wa ng'ambo ya korongo kwamba mvua inakuja, lazima kifua kifanye kazi.

Kifua hicho Rubeni Shekiondo alikisikia akiwa kiwandani, alikokuwa fundi wa mashine. Rubeni alikuwa na gitaa la umeme na spika iliyochanika. Rafiki yake Timotheo, dereva wa trekta, alipiga dramu. Mwaka 1968 watatu hao wakaanzisha bendi, wakaiita Ngurumo Jazz kwa sababu siku zile kila bendi ilijiita Jazz. Gitaa lilikwaruza kama bati linaloburutwa. Timotheo alipiga kama anayefukuza nguruwe pori shambani. Na Marta hakuimba, alifoka. Alifoka juu ya nyapara aliyewazuia wanawake kujikinga mvua, na juu ya maji machafu ya kambini. Nyimbo zilikuwa fupi mno. Nyingine ziliisha kabla watu hawajainuka vitini. Vijana wakajaa ukumbini kila Jumamosi. Wazee wakafunga madirisha.

Miaka ikaenda. Shamba likawa mali ya umma, nyapara yule akahamishwa, Marta akapata mtoto. Ndipo Rubeni alipokuja na habari kwamba redio ya Dar es Salaam imekubali kuwarekodia nyimbo sita.

"Lakini si hizi za kufoka," akasema. "Nimezungumza na Lucian, ataleta saksafoni. Tupige nyimbo ndefu, watu wacheze. Watu wa Tabora watamjulia wapi nyapara wetu?"

Timotheo akaweka vijiti chini. "Kwa hiyo tuwe kama bendi nyingine zote?"

"Tuwe bendi inayosikika."

"Sisi tunasikika hadi Soni, tena bila redio!"

Wote wawili wakamtazama Marta. Kesho yake, akipukuchua maharage na mama yake uani, alimweleza yote, akitumaini kuambiwa akatae.

"Miaka yote hii nakusikia, mwanangu," mama akasema, mikono yake ikiendelea na kazi. "Ila katika maneno yako silijui hata moja."

"Hata wimbo wa mvua, mama? Ule niliutunga kwa ajili yako."

"Nasikia hasira tu. Najua una hasira. Maneno siyapati."

Marta alipukuchua hadi maharage yakaisha. Hasira ile ilikuwa ya kweli, wala hakuijutia. Lakini siku hizi alikuwa na mambo mengine kifuani, na hayo hayakutaka kufokwa.

Siku ya kwanza ya mazoezi ya nyimbo mpya ilikuwa aibu tupu. Sauti yake ya chini ilitetemeka, ikakatika, kama ya mtu mgeni aliyebisha hodi nyumba isiyo yake. Lucian akajifanya anasafisha saksafoni. Timotheo hakucheka. Alipiga taratibu, akimsubiri, na baada ya mazoezi akamwambia, "Dada Marta, Dar nitakwenda nanyi, siwezi kuwaangusha. Tukirudi, niacheni nishike njia yangu."

Wakashuka hadi Mombo kwa basi, wakaenda Dar, wakarekodi. Wimbo wa mwisho ulimhusu mama yake, alivyotoka Iringa juu ya lori akiwa na mimba. Mwishoni Marta alijikuta ametoa ukelele mmoja, ule wa kuita ng'ambo ya korongo. Fundi mitambo aliinua mkono kuwasimamisha, akasita, akaushusha. Ukelele ukabaki.

Redio ilipozicheza nyimbo zile, kambi nzima ilisimama kusikiliza. Mama alizijua zote sita kwa wiki moja, akaziimba vibaya kila mahali. Lakini kwenye dansi la kwanza vijana wa zamani walipiga kelele, "Nyapara! Nyapara!" Walipoona wimbo huo haupigwi, nusu yao wakatoka. Mmoja alipita mbele ya jukwaa akasema, "Mmelegea, dada." Marta aliumia. Akaendelea kuimba huku akitazama mlango, na mlangoni wakaanza kuingia wanawake wenye watoto mgongoni, wachumaji wenzake ambao hawakuwahi kukanyaga ukumbini. Wakacheza hadi kanga zikafunguka.

Mwaka uliofuata Timotheo alikuwa na bendi yake Lushoto mjini, vijana watupu. Marta na Rubeni wakaenda kuwasikiliza. Kelele ilikuwa mara mbili ya Ngurumo.

"Wanapiga ovyo," Rubeni akamwambia sikioni.

"Wanapiga vizuri sana!" Marta akajibu, akipiga makofi juu ya kichwa.

Dansi lilipokwisha, Timotheo akaja akitiririka jasho. "Umemwona Tatu, mwimbaji wetu? Anafoka kwa koo, si kwa kifua. Atapoteza sauti kabla ya vuli. Waweza kuja kumfundisha?"

Marta akamtazama binti yule, aliyekuwa akinywa maji na kukohoa, macho yakimng'aa.

"Nitakuja Jumanne," akasema. "Mwambie asile pilipili."