Saa ya Mwanga na Saa ya Sauti

Siku yangu ya kwanza kazini, shefu wa kituo cha Kasongo hakunionyesha meza wala kiti. Alinipeleka nyuma ya biro, yaani ofisi, penye kishimo cha saruji kilichofunikwa kwa bati, akaniambia niruke mara tatu. Niliruka, na sketi yangu mpya. Kisha akaniingiza ndani, akanionyesha karatasi iliyozungushwa kwenye ngoma ya chuma, na kalamu nyembamba iliyokuwa imetoka kuchora vilima vitatu.

"Hiyo ni weye, Bernadette," alisema. "Kuanzia leo, mbele ya kusema udongo umetikisika, jiulize kwanza kama si weye uliruka."

Mashine ile iliitwa sismografu. Kazi yake ni kuandika mitetemeko ya ardhi. Kwa miaka mingi nilibadilisha karatasi kila asubuhi, nikajaza wino, nikajifunza kutenganisha tetemeko la kweli na lori lililobeba mchele. Ninyi mlionifuata kazini, mnaoketi leo mbele ya kioo cha ordinatere, yaani kompyuta, bila wino vidoleni, mwajua kazi hii kwa sura nyingine. Nawaandikia ya kwangu.

Shefu wa pili hakukaa sana. Wa tatu alikuja na ordinatere, akaona ninaipenda, akanituma kituo kikuu kujifunza hesabu za mawe ya angani. Huko mkubwa wetu alikuwa Madame Directrice, mama mfupi, mkali, asiyevumilia hesabu isiyokuwa na mpaka wa makosa.

Jiwe la namna hiyo, linaloitwa asteroidi, huzunguka jua kwa njia yake. Likikutana na dunia huingia hewani kwa kasi kubwa kuliko risasi, na hewa iliyo mbele yake hubanwa hadi jiwe lenyewe linapasuka. Likipasuka juu sana, watu huona mwanga na kusikia mshindo. Likiwa kubwa, au la chuma, laweza kufika chini na kuchimba shimo. Tatizo ni kwamba kabla halijaingia hatujui uzito wake wala ugumu wake. Tunajua tu nuru yake jinsi darubini zilivyoiona. Kwa hiyo tunafanya simulasyo, yaani tunaiga anguko ndani ya ordinatere, mara elfu na zaidi, kila mara tukibadilisha kidogo uzito, ugumu na pembe ya kuingia. Majibu hutapakaa juu ya ramani kama mpunga uliomwagika, nasi tunachora duaradufu kuyazunguka.

"Wakubwa watakuomba nukta," Directrice aliniambia siku ya kuagana. "Usiwape nukta. Wape duaradufu, na uwaambie ni kwa nini."

Kutoka hapo nilipelekwa Kabambare kuanzisha kituo kidogo ndani ya kiwanja cha teritware, yaani makao ya wilaya. Kifaa kipya cha kuandika mitetemeko nilikisafirisha kwa pikipiki, nimekifunga ndani ya godoro, na mimi mwenyewe nikatembea kila mahali palipokuwa na matope. Nilikuwa nakaribia mwisho wa utumishi wangu pale ujumbe ulipofika, asubuhi moja ya majira ya mvua. Darubini za mbali zilikuwa zimeona jiwe, ukubwa wake kama kibanda cha jiko la nje. Lingeingia hewani alasiri ileile, saa kumi na dakika saba. Nilifanya simulasyo mpaka betri ya paneli ikaanza kulalamika. Duaradufu ilianzia upande wa kijiji cha Wamaza ikapita juu yetu.

Bwana Administrata wa teritware alinipokea amesimama.

"Mama Bernadette, nikimbize watu?"

"Hapana, Bwana Administrata. Hesabu nyingi zinasema itapasuka juu sana. Kutakuwa mwanga na mshindo mukubwa. Vioo vinaweza kuvunjika."

"Nyingi. Si zote."

"Si zote. Kama iko ya chuma, inaweza kufika chini. Hizo ziko chache sana."

Alijifuta uso kwa kitambaa. Alikuwa amekimbia vita mara tatu na watoto wake, kama karibu kila mtu wa Kabambare. "Hapa kwetu nikisema tu 'mukimbie', watoto watapotea mu pori mbele hiyo jiwe haijafika. Na nikinyamaza, watasikia mshindo watasema vita imerudi."

"Basi tuwaambie mapema ni nini."

Aliandika tangazo pale pale. Watu wakae ndani, mbali na madirisha, wasishtuke, si bomu. Akatuma wajumbe kanisani, msikitini, sokoni, kwenye kambi ya askari. Kisha akaniuliza: "Na wachimbaji wa dhahabu?"

Sikuwa nimewafikiria. Hesabu zangu zilikuwa na hewa, upepo, pembe na ugumu wa mwamba; hazikuwa na mtu aliye chini ya ardhi. Mvua ilikuwa imelowesha udongo kwa wiki nzima, na mashimo ya upande wa Wamaza yalishikiliwa kwa vijiti. Mshindo mkubwa ungeyaporomosha.

Nilitaka kubaki. Maisha yangu yote nilikuwa nimesoma mambo yaliyokwisha kupita, na hii ilikuwa mara ya kwanza kujua mapema saa ambayo kalamu ingetikisika. Kifaa kingejiandikia chenyewe, lakini nilitamani kukiona kikiandika. Hata hivyo hapakuwa na mwingine wa kuwaeleza wachimbaji. Nilipanda pikipiki.

Kwenye mashimo, mwenye shimo huitwa PDG, kama mkubwa wa kampuni. PDG wa pale alikuwa mtu wa kutoka Kivu, mwenye kofia ya sufu hata wakati wa joto. Nilimtajia saa, kumi na dakika saba, naye alinisikiliza hadi mwisho.

"Mama, kila mutu anakuja hapa kutuambia tutoke, kesho tunakuta wengine wanachimba mu shimo yetu. Hiyo jiwe yako, uko na hakika?"

"Kuingia kwake hewani, niko na hakika. Kufika kwake chini, hapana. Lakini mshindo utakuwako, na udongo huu umelowa."

"Basi wanaotoka watatoka. Lakini weye utakaa hapa pamoja nasi, mpaka iishe. Ukienda mbele ya kuisha, nitajua ulikuja kutudanganya."

"Nitakaa."

Akapiga filimbi. Walitoka mmoja mmoja, wenye matope mpaka kope, wakaketi juu ya magunia ya mchanga wakinitazama. Aliyenisogelea alikuwa kijana wa Nyangwe jina lake Amuri, baba wa mtoto mmoja. Alitaka kujua kama jiwe la namna hiyo lina dhahabu ndani.

"Haina," nilimwambia.

"Basi inakuja kufanya nini?" Wote wakacheka, nami nikacheka.

Mawingu yalikuwa yamefunika mbingu yote. Saa kumi na dakika saba ilifika. Nyuma ya mawingu, upande wa mashariki, paliwaka weupe, kama mtu amefungua mlango na kuufunga. Basi.

"Ni radi tu," mmoja alisema, na vicheko vikaanza upya.

Mimi nilikuwa nimeinamia daftari langu. Nilikuwa naandika saa. Hesabu na jambo lenyewe vilitofautiana kwa sekunde chache tu, na nilikuwa na furaha. Naandika neno hilo kwa sababu ndiyo kweli. Nilikuwa na furaha, na sikuinua kichwa. Mwanga hufika palepale, lakini sauti hutembea, na kutoka juu vile ingehitaji zaidi ya dakika mbili kutufikia. Nililijua hilo kama ninavyojua jina langu. Sikuwa nimewaambia. Niliwapa saa ya mwanga tu, na saa hiyo ilikuwa imepita.

Amuri alikuwa ameacha tochi yake shimoni. Aliteremka kuichukua.

Mshindo ulipokuja haukuwa mmoja; ulikuwa kama milango mingi inayobamizwa, na ardhi chini ya magunia ikasogea. Mdomo wa shimo ukajikunja ndani. PDG ndiye aliyekuwa wa kwanza kuanza kuchimba, kwa mikono. Tulichimba wote. Tulimpata Amuri kabla jua halijazama, na hakuwa hai. Kabambare mjini vilivunjika vioo vya kanisa na vya biro moja, wala hapakuwa na mtu aliyekimbia.

Ripoti yangu ilisifiwa. Directrice alipiga simu mwenyewe: saa ilikuwa sahihi, duaradufu sahihi, kimo cha kupasuka sahihi. Kisha akaniuliza juu ya mstari wa mwisho, ule wa kifo cha Amuri.

"Bernadette, hiyo si kipimo. Itoe."

"Siitoi, Madame."

"Basi iandike vizuri. Andika pia sababu."

Niliiandika. Toka hapo, matangazo yote ya mkoa wetu hutaja saa mbili, ya mwanga na ya sauti, na amri ya kungoja hadi ya pili. Ninyi mnaoyaandika sasa huenda mliyakuta hivyo.

Nilipostaafu nilirudi Kasongo. Nina shamba la mihogo, na macho yanayochoka mapema. Watu huniuliza kama naogopa jiwe kubwa, lile la kumaliza dunia. Siliogopi sana, lina watu wengi wanaolitafuta. Jambo la kwanza nililofanya baada ya kuachia funguo za kituo ni kwenda Nyangwe. Mama yake Amuri alikuwa uani anakausha samaki. Nilijitaja.

"Ni weye ulijua saa?"

"Ni miye, mama."

"Na yeye ulimuambia?"

"Nilimuambia saa ya mwanga. Sikumuambia ya sauti."

"Kati yake ni muda gani?"

Nikasema dakika mbili na nusu. Alisema yeye hajui dakika, nimuonyeshe. Basi nilikaa chini kando ya samaki zake, nikahesabu kwa sauti, polepole, kutoka moja hadi mia moja na hamsini. Mikono yake aliiweka juu ya magoti.

Nilipomaliza alitazama nje ya ua, upande wa mto.

"Ni kidogo tu," alisema. "Angengoja."