Mume Wangu Kwenye Shuka la Kanisani

Mzungu mmoja alifika kwetu Matema, kando ya Ziwa Nyasa, na sanduku la miguu mitatu lenye mpini wa kuzungusha. Hakutaka ngoma wala watu waliojipamba. Alitaka picha zinazotembea, za watu na kazi zao za kila siku. Mume wangu na baba yake walikuwa wakichonga mtumbwi, naye akawaambia, "Endeleeni kama sipo." Mtu mweupe amesimama na dude lake hatua kumi kutoka kwako, halafu eti hayupo! Mume wangu aliponisimulia tulicheka hadi machozi. Mimi sikuwepo. Kwetu mke hamtazami baba mkwe. Mkikutana njiani unajitupa majanini na kujifunika nguo mpaka apite.

Picha zilipelekwa Ulaya. Kabla hazijarudi, serikali ilimchukua mume wangu kubeba mizigo, naye akafia huko huko safarini. Mwili sikuuona. Baada ya mwaka nilianza kuisahau sura yake, na jambo hilo lilinitisha kuliko kifo chenyewe.

Ndiyo maana niliposikia picha zimerudi, na zitaonyeshwa kanisani, nilishindwa hata kula. Baba mkwe alituma neno kupitia kwa mama mkwe: yeye atabaki nyumbani ili mimi nikae mbele. Nilimshukuru sana moyoni. Mchana ule madirisha yalizibwa kwa mikeka, shuka likatundikwa, taa ikawashwa.

Wa kwanza kutokea alikuwa mzee mwenye tezo, anachonga mtumbwi. Watu wakaliita jina lake kwa kelele. Baba mkwe! Mwenyewe alibaki nyumbani, lakini hakuna aliyekumbuka kwamba kwenye shuka atakuwepo. Nikajifunika gubigubi.

"Ni picha tu," wanawake wakaninong'oneza.

Picha tu! Kama ni picha tu, mimi nilikuwa nimemfuata nani mle ndani?

Mama mkwe akanishika mkono, akawa ananisimulia sikioni. "Mwenzio yuko nyuma yake. Anafuta jasho. Anacheka, mwanangu." Nikamwomba aniambie mara tu mzee atakapotoka.

"Haya, baba ametoka. Jifunue."

Nikajifunua. Mume wangu alikuwa ameshageuka kumfuata baba yake. Niliona mgongo, na kisigino kimoja. Halafu ukabaki mtumbwi peke yake, na baadaye shuka jeupe.

"Umemwona?" mama mkwe akauliza, huku analia.

Nikamwambia nimemwona.